Shangazi Kuku na Somo la Viumbe Visivyo Hai

Nchi ninayotaka kuisimulia si yetu. Tuelewane kwenye hilo kabla sijafungua mdomo vizuri. Iko mbali, ukitoka hapa unavuka mipaka mingi, na watu wake hawafanani nasi hata kwa kope. Kwetu mambo haya hayapo. Atakayesoma akasema anayajua, basi huyo ndiye wa kuulizwa ameyajulia wapi. Mimi simo.

Nchi hiyo ilikuwa na sheria ya kicheko. Ilianza siku Mlezi Mkuu wa Taifa alipojikwaa kwenye zulia akaenda chini kwa magoti, na karani mmoja wa mapokezi akacheka. Karani mwenyewe amekwisha kusahaulika, na nyumbani kwake sasa wanaishi watu wengine, ila sheria imebaki. Inasema kwamba katika shughuli yoyote ya serikali kicheko kitaanzia juu na kushuka kwa vyeo. Acheke kwanza mkubwa kuliko wote, kisha anayemfuata, kisha anayemfuata huyo, mpaka kimfikie mfagizi. Mdogo akimtangulia mkubwa kucheka, hiyo ni dharau, na dharau ina jela yake. Sasa, Mlezi Mkuu mwenyewe tangu siku ya zulia uso wake ulikuwa umefungwa kama duka saa ya swala. Kwa hiyo serikali nzima ilikaa ikingoja zamu yake ya kucheka, na zamu haikuja.

Wanasheria wa nchi hiyo, ambao ni watu wa kina kirefu, wakaongeza kifungu kidogo. Jambo likionyeshwa mbele ya kamati likachekwa, hilo ni mchezo. Likionyeshwa lisichekwe, hilo ni elimu, na elimu sharti itekelezwe. Kifungu kilipitishwa kwa makofi, na hakuna aliyecheka.

*

Machano Mwadini alikuwa mchora katuni wa televisheni ya taifa. Yeye ndiye aliyekuwa akimchora Shangazi Kuku, yule kuku mnene mwenye miwani na kilemba cha maua, anayewafundisha vifaranga wake kuhesabu, kunawa na kupiga mswaki. Kuku hana jino hata moja, najua, lakini Wizara ilisema vifaranga wapige mswaki, wakapiga. Kila wakijibu sawasawa kinanda kinalia tiriri, na jua lenye macho linakonyeza. Watoto wa nchi nzima walimpenda kuku huyo. Machano alikuwa amemchoka mpaka kwenye mifupa.

Mama yake, Bi Mize, alikuwa mgonjwa wa figo. Kila wiki Machano alimpeleka Hospitali Kuu kusafishwa damu kwa mashine, na kabla ya mashine kulikuwa na benchi, na benchi lile jamani lilikuwa halina mwisho. Ili mama asihesabu mibano ya mgongo, Machano akawa anakaa pembeni yake na kompyuta yake ya mapajani, anamchorea vipande vifupi vya mzaha. Kuku ni yuleyule, kinanda ni kilekile, ila masomo ni ya pale pale benchini.

Kipande cha kwanza kilikuwa cha hesabu.

"Vifaranga wangu," anasema Shangazi Kuku kwa sauti yake ya asali, "vifaranga kumi wamekwenda hospitali. Dawa iliyopo ni ya vifaranga watatu. Kumi toa tatu, wanabaki wangapi?"

"Saba," wanaitikia vifaranga.

"Vizuri sana. Na hao saba tunawaitaje?"

"Wavumilivu."

Kinanda kinalia, jua linakonyeza. Wale saba wanafumba macho mmoja mmoja, na kila anayefumba anabandikwa nyota ya dhahabu kwenye kipaji cha uso.

Bi Mize alikuwa na kicheko chake cha kukohoa, kinachoanza tumboni na kumalizikia kwenye machozi. Siku hiyo alicheka mpaka muuguzi akaja kuangalia kama amepaliwa. Mgonjwa hana cheo, kwa hiyo hana wa kumngojea ndipo acheke. "Mwanangu, wewe utanyongwa," akamwambia Machano, akijifuta kwa ncha ya kanga. Kisha akasema, "Nionyeshe tena."

*

Mzaha mzaha hutumbua usaha, walisema waliotutangulia, na hawakukosea.

Katika nchi hiyo kila kipindi cha watoto kilitazamwa kwanza na Kamati ya Utazamaji. Machano alipeleka kipindi kipya cha Shangazi Kuku kuhusu faida za mboga za majani, akamkabidhi fundi mitambo flashi yake, akasimama ukutani kama kawaida. Flashi ilikuwa na mboga za majani, na ilikuwa na wavumilivu. Fundi akabonyeza faili la juu.

Machano aliposikia "vifaranga kumi wamekwenda hospitali", damu yote ilimshuka miguuni. Wajumbe wakatazama. Nasikia mjumbe mmoja alikaza meno mpaka gego likapasuka, na mwingine alijifinya paja likavimba, lakini hakuna aliyecheka. Angecheka vipi, na mwenyekiti hajacheka? Mwenyekiti naye angecheka vipi, na Waziri hajacheka? Kipande kikaisha.

Mwenyekiti, Dokta Lugendo, mtu mwenye shahada nyingi na shingo fupi, akasimama.

"Kamati imetazama," akasema, "kwa makini, kwa uzalendo, na kwa miwani. Kamati haikucheka. Hivyo basi, kilichoonyeshwa ni elimu, tena elimu ya hisabati iliyofungamanishwa na afya, jambo ambalo wataalamu wetu wamelitafuta ughaibuni kwa safari nyingi na posho nzito wasilipate. Ndugu Machano, ulijificha wapi siku zote?"

Machano alikuwa palepale ukutani.

Haukupita muda, wauguzi wa nchi nzima wakapelekewa nyota za dhahabu. Kila asubuhi watatu wa mwanzo benchini walitibiwa, na kuanzia wa nne kila mmoja alibandikwa nyota, akaimbiwa wimbo wa Wavumilivu, akarudishwa kwao. Siku ya kwanza ya nyota Bi Mize alikuwa wa tatu. Nyuma yake alikuwa mzee mmoja muuza kahawa, mcheshi, wamezoeana hapo benchini. Alipewa nyota yake, akaondoka nayo. Baada ya siku chache alizikwa nayo, kwa sababu waoshaji walijaribu kuibandua wakashindwa. Katika bidhaa zote za serikali ile, gundi ya nyota ndiyo pekee iliyofanya kazi.

Bi Mize alimtazama mwanawe kwa muda mrefu. Akamuuliza kama ile si katuni yake. Machano akakubali. Basi nenda kawaambie ulikuwa unatania, mama akamwambia, na hakuwa anacheka.

Machano akaenda. Alimkuta Dokta Lugendo anakula korosho, akamweleza kwa heshima zote kwamba pametokea makosa, kwamba kile kilikuwa mzaha tu wa nyumbani. Dokta Lugendo akaacha kutafuna. Akamuuliza taratibu kama anataka kusema kwamba Kamati nzima, pamoja na shahada zake, ilionyeshwa mzaha isiutambue. Machano akaiona jela kwenye macho ya mtu yule, tena na chumba atakacholala. Akasema hapana Mheshimiwa, nimejieleza vibaya. Akapewa korosho moja.

*

Njiani akapata wazo, na wazo lenyewe ndilo lililomponza. Alijiambia: hawa hawakuelewa kwa sababu nimekuwa mpole. Nitachora kitu kibaya mno, hata jiwe litajua kwamba huu ni mzaha. Watasimamisha kipindi, watanifukuza kazi, na nyota zile zitaondoka.

Akachora somo la usafi. Mikono ya mkubwa ikichafuka tunaiosha kwa kitu gani, anauliza Shangazi Kuku. Kwa sabuni, wanajibu vifaranga. Na sabuni ni nani? Vifaranga wote wanamgeukia mdogo wao wa mwisho, yule mwenye manyoya machache. Shangazi anamchukua, anamsugua chini ya bomba huku akiimba, povu linatoka, kifaranga anapungua, anapungua, mpaka anaisha. Mikono safi. Jua linakonyeza.

Kamati haikucheka. Dokta Lugendo alisema kwa sauti iliyotetemeka kwamba hatimaye utawala bora umepata kitabu chake cha kiada.

Kila wizara ikateua Afisa Sabuni. Kazi yake ilikuwa kukaa ofisini bila kugusa kitu mpaka mkubwa atakapochafuka. Wizara ya Habari ilimteua Hamdu, mpiga kinanda wa Shangazi Kuku, mtu mpole ambaye alikuwa hajapata kumdhuru hata nzi. Hamdu alifurahi, akanunua suti. Halafu daraja la mtoni likaporomoka na basi la wanafunzi, saruji yake ikakutwa ni mchanga mtupu, na aliyejenga alikuwa shemeji wa mtu nisiyemtaja. Wizara ya Ujenzi sabuni yake ilikuwa imekwisha wiki iliyotangulia, ikaazima ya Habari. Hamdu, ambaye hajawahi kushika hata mwiko wa fundi, akatumika kuwaosha wakubwa mikono kwa ajili ya daraja, naye akaisha. Mkewe alipokwenda kuuliza, alipewa mche wa sabuni wenye nembo ya taifa, umefungwa utepe. Aliuweka dirishani, na hakuna mtu nyumbani mwake aliyethubutu kunawia.

Mngedhani Machano angekoma hapo. Mimi nilidhani. Lakini binadamu akianza kuchimba shimo, hata mikono ikitoka malengelenge huona aibu kuliacha. Akasema safari hii nawagusa pale ambapo kila mtu anaumia. Hakuna mjumbe asiye na mama.

*

Somo la tatu lilikuwa la sayansi.

"Vifaranga wangu, kiumbe hai hufanya nini?"

"Hula, hukua, hupumua, hulipa kodi."

"Vizuri sana. Sasa mtazameni Bibi. Bibi hakui, tena anapungua. Bibi halipi kodi. Bibi ni kiumbe gani?"

"Kisicho hai."

"Na vitu visivyo hai tunaviweka wapi?"

"Stoo."

Vifaranga wanambeba bibi yao, kuku mkongwe mwenye pua pana kama ya mtu, wanampanga rafuni baina ya ndoo na ufagio, wanafunga mlango, wanapunga mbawa.

Machano aliwatazama wajumbe usoni mmoja mmoja. Alikuwa anamtafuta mtu mmoja tu atakayeshtuka. Hakumpata, na sababu yake alikuja kuijua baadaye: mama za wajumbe wote walikuwa wanatibiwa nchi za nje, na sheria haivuki bahari. Mmoja alionekana anafuta machozi. Akapongezwa kwa kuguswa na sayansi.

Wiki iliyofuata Bi Mize alifika hospitali mapema, akakaa wa kwanza benchini, akitamba kimoyomoyo. Alipoitwa aliulizwa kama analipa kodi. Akasema yeye ni mjane, halipi, na alipokuwa na nguvu alifua nguo za watu maisha yake yote. Daktari, kijana mwenye adabu zake, akamwambia pole bibi, mashine hii ni ya viumbe hai, na kuunganisha chombo na chombo ni kazi ya fundi umeme. Wakampeleka stoo.

Machano alipata habari akiwa kazini. Alikimbia barabara nzima na kiatu kimoja. Mtunza stoo aliyeitwa Ndugu Pandu, mzee mwangalifu aliyependa kazi yake, akampokea vizuri na kumhakikishia kwamba mama yumo, amefika salama, hana hata mkwaruzo. Kumtoa ndiyo haiwezekani. Mali ya umma haitoki stoo mpaka iharibike.

Bi Mize alikuwa amekaa baina ya kiti cha magurudumu kisicho na gurudumu na feni iliyovunjika panga. Mkononi, juu kidogo ya kiwiko, walikuwa wamempaka namba kwa rangi nyeupe ya mafuta, kama wanavyopaka madawati. Machano alipiga magoti akaweka kichwa mapajani mwa mama yake akalia kama mtoto.

"Ni mimi, mama. Nimekuweka hapa mimi."

"Najua ni wewe," Bi Mize akasema. "Nani mwingine angemchora kuku na pua yangu?"

Alimwacha alie. Miguu yake ilikuwa imeanza kuvimba, na muuguzi aliyekuwa akimletea maji kwa siri alikuwa amemwambia wazi kwamba bila mashine hatamaliza wiki. Mwanamke yule alikuwa hajasoma, ila benchi lilimpa muda mwingi wa kufikiri. Akamwinua mwanawe kichwa. Akamwambia asikilize vizuri. Wanachocheka ni mchezo, wasichocheka ni sheria, si ndivyo? Na hawa hawajacheka hata siku moja. Basi wewe safari hii usitanie. Wachoree ukweli mtupu, usitie mzaha hata wa ukucha. Nani atacheka ukweli?

Machano aliinuka akiwa mtu mwingine. Ilikuwa rahisi mno, akashangaa hakuiona mwenyewe. Ukimya ule uliokuwa unamuua mama yake sasa ungemtoa stoo.

*

Alichora kwa mkono uliotulia. Hakukuwa na jua. Kinanda hakikuwepo, na mpigaji pia hakuwepo. Shangazi Kuku anaingia, anavua miwani, anasema maneno machache. Ndiyo hayo tu.

Asubuhi ya kutazama, ukumbi ulikuwa umetandikwa zulia jipya, limepigiliwa misumari kila pembe. Sifa za Shangazi Kuku zilikuwa zimefika Ikulu, na Mlezi Mkuu alikuwa amekuja kujionea. Mawaziri wote walikuwepo, wakuu wa majeshi, wakurugenzi, makatibu, Kamati na shahada zake. Dokta Lugendo alitoa hotuba ya kumkaribisha, akasema nchi nyingine zina dhahabu na mafuta, sisi tuna kuku.

Machano alipomwona Mlezi Mkuu moyo wake ulipoa kabisa. Uso ule ndio uliokuwa haujacheka kuliko nyuso zote. Alijikuta anamshukuru Mungu kwa zulia lile la zamani.

Taa zikapunguzwa. Shangazi Kuku akavua miwani.

"Huyu ni Bibi," akasema.

Kimya.

"Bibi anapumua. Anasikia kiu. Miguu inamuuma."

Kimya. Machano alifumba macho akaanza kuomba kila dua anayoijua.

"Bibi ni kiumbe hai. Mrudisheni kwenye mashine."

Hapo ikasikika sauti kutoka kwenye kiti kikubwa cha mbele, kama bomba lililoziba miaka mingi linapoanza kuzibuka. Walinzi walishika bunduki. Mlezi Mkuu alikuwa anatikisika mabega. Alishika tumbo, akainama, akainuka, na machozi yalikuwa yanamtiririka mpaka kwenye nishani.

"Ni kiumbe hai," akasema, akihema. "Eti arudishwe kwenye mashine. Jamani, nani huyu kayatunga haya?"

Na akaangua kicheko.

Waziri Mkuu akacheka. Mawaziri wakacheka kwa kufuata itifaki, kisha majeshi, kisha wakurugenzi. Mjue hawa walikuwa wamebana vicheko miaka na miaka. Walichekea wavumilivu, wakachekea sabuni, wakachekea daraja na mazishi waliyohudhuria wakiwa wamenuna. Mmoja alijikojolea. Dokta Lugendo alianguka chini akawa anapiga zulia kwa kiganja. Kicheko kikashuka safu kwa safu, makatibu, madereva, mfagizi, mpaka kikafika ukutani, kwa Machano, aliyekuwa mdogo kuliko wote siku hiyo.

Kikasimama hapo. Watu wote wakageuka kumtazama, kwa sababu kicheko cha serikali hakijakamilika mpaka wa mwisho acheke. Mlezi Mkuu naye akageuka, bado anajifuta, anangoja. Asipocheka ni dharau, na akienda jela ni nani atakayempelekea mama yake maji?

Machano akacheka. Alicheka vizuri tu. Waliokuwa karibu wanasema kilikuwa kicheko cha kukohoa, kinachoanza tumboni.

Dokta Lugendo, akiwa bado ameketi chini, akatangaza kwamba kilichoonyeshwa kimechekwa kihalali, kwa hiyo ni mchezo, kisitekelezwe kwa namna yoyote, na kitarushwa kila sikukuu kuburudisha wananchi. Mlezi Mkuu akamvisha Machano nishani kwa mkono wake mwenyewe, akamshika shavu.

*

Alikwenda stoo na nishani shingoni, alisahau kuivua. Bi Mize alikuwa amelala juu ya magunia, amevimba mpaka macho. Akamsikia.

"Walicheka?"

Machano alitaka kudanganya, akashindwa. "Walicheka, mama."

"Wote?"

"Wote."

"Na wewe?"

Machano alikaa sakafuni, akaanza kuivua ile nishani, na kamba ikamnasa sikioni.

"Nionyeshe," mama akasema.

Akafungua kompyuta, akamwekea kipande. Bi Mize alikitazama mpaka mwisho, maneno yale machache yote, na hakucheka. Kisha akasema ana kiu. Machano alipokwenda kutafuta maji akarudi, hapakuwa na wa kunywa.

Ndugu Pandu alimpa pole na kumletea kiti akae. Hakuandika kwamba Bi Mize amefariki, kwa sababu kisicho hai hakifi. Aliandika kimeharibika, kiondolewe. Akaja na kitambaa na mafuta ya taa, akaifuta ile namba mkononi mwa marehemu, taratibu, bila kumkwaruza. Nchi ile haitupi kitu. Kesho yake namba ikapakwa kwenye feni.